Mzee Massoudi na Mikia ya Kanda

Baada ya miaka thelathini na mmoja, kumi na mmoja redioni na ishirini kwenye televisheni, Mzee Massoudi anastaafu tarehe 30 Juni 2004. Funguo za chumba cha kanda anatuachia. Kikombe chake amekataa katakata.

Hakuna aliyetufokea kama yeye kuhusu chai karibu na mashine, na hakuna aliyeimwaga mara nyingi kama yeye. Lakini ukimtajia mechi ya mwaka 1986, kanda ilifika mezani kabla hujavuta kiti.

Wengi wetu tunamkumbuka Jovithe, binti wa mtaa wa Kamenge aliyetangaza kipindi cha watoto cha kila Jumatano tangu akiwa na miaka tisa. Jiji zima lilimpenda; sokoni Jabe alipewa machungwa bure. Alipofika kumi na minne tulimwondoa bila hata kumuaga, na jambo hilo linatuuma hadi leo. Barabarani watu waliendelea kumpungia mkono kwa ile salamu yake ya kitoto, naye akaanza kupita vichochoroni. Vita vilipoanza, uso wake ulijulikana mno hata akakosa pa kujificha.

Mwaka 1997 alikuja kwa Mzee. Mama yake alikuwa ameuawa, nyumba na picha zote zimeungua. Aliomba kanda yoyote ya zamani, kwa kuwa mama yake alimsindikiza studio kila Jumatano na huenda alionekana humo. Ila kanda mpya zilikuwa zimeadimika, tukawa tunarekodi juu ya zilizopo. Vipindi vya Jovithe, Mzee alikuwa amevifuta mwenyewe, akaweka matangazo ya watu waliopotea. Alimwambia ukweli, na Mzee mwenyewe ndiye aliyelia zaidi.

Tangu hapo, kila saa ya chakula alipitisha kanda moja hadi mwisho, maana tangazo likiwa fupi, kipande cha zamani hubaki mkiani. Alifanya hivyo miaka saba. Mwezi uliopita alipata sekunde kumi na moja: Jovithe mdogo anapunga mkono, macho yake yakiwa pembeni. Mama hayumo.

Mzee alimwita ili amwombe radhi. Jovithe alitazama mara tatu, akagusa kioo cha televisheni.

"Mzee, apa mi naangalia mama," alisema. "Alikuwa anasimama kando ya kamera."

Asante, Mzee wetu. Tunakutakia miaka mingi ya kula chakula cha mchana kikiwa moto. Kanda ile tumeiandika jina la Jovithe, na hakuna atakayerekodi juu yake.