Kitanda cha Mama Kisiguswe

Katika basi dogo la mtaa wa Flatbush, huku Marekani, mbele yangu walikaa wanawake wawili wasiojuana. Mmoja alikuwa akienda nyumba aliyohama kuulizia barua. "Kadi yangu mpya ya ukaazi wameipeleka kule. Nilihama, sikuwaarifu. Mama kanifia kwetu, lakini nikitoka Marekani bila kadi, kurudi hakuna."

"Na mama kafa lini?" akauliza mwenzake.

"Kesho ni usiku wa tisa tangu afariki. Huko kwetu Jamaika watageuza kitanda chake ili roho iende zake. Nimemwambia kaka asikiguse mpaka nifike."

"Haya, marehemu naye asubiri posta?"

"Alinisubiri miaka kumi na moja. Kadi ikiwa imepotea, kupata nyingine ni miezi michache tu. Itamshinda?"

"Dada, mama wa watu kachoka. Mwache aende."

"Nikikuta chumba kimeshapangwa upya, nitamuaga nani?"

Mwenzake akageukia dirishani. Mimi niliyekaa nyuma yao, wa Jamaika pia, kitanda cha marehemu mume wangu nilikigeuza usiku wa tisa ulipofika.

Simu ya yule dada ikaita. "Ni kaka," alisema, lakini hakupokea. Basi liliposimama kwenye mtaa wake wa zamani, ilikuwa bado inaita mkononi mwake.