Trolina Khongsit na Kesi Aliyoiondoa ili Airudishe

Kong, yaani Bibi, Trolina Khongsit alizaliwa tarehe 9 Machi 1951 kijijini Umkhrew, kitinda mimba kati ya watoto sita. Kwetu binti wa mwisho ndiye hubaki na nyumba, wazee na ardhi ya ukoo, kwa hiyo hata kabla hajajua kutambaa alikuwa ameshapangiwa kazi.

Alisoma shule ya misheni hapa hapa hadi darasa la nane, mama yake alipougua akaacha shule kumuuguza na kulima viazi. Aprili 1973 alifunga ndoa na Bah, yaani Bwana, Starwell Nongbri, aliyehamia kwao na tandiko moja na gitaa. "Nilileta muziki," Bah Starwell alikuwa akisema. "Ulileta kelele," mkewe akimjibu, huku akimwongezea wali.

Mwaka 2014 machimbo ya mawe yalifunguliwa juu ya chemchemi tunakoteka maji, maji yakaanza kutoka na tope. Chemchemi iko katika ardhi ya ukoo, naye ndiye mtunzaji, basi akaenda Mahakama Kuu, Shillong, akaandikisha: "Chemchemi yangu inaharibiwa." Umkhrew hakuna aliyeona kosa. Mtunzaji husema "yangu" kama mama asemavyo "chungu changu", na wote wanakula. Jaji hakuzaliwa Umkhrew.

"Mama, maji haya unakunywa peke yako?"

"Mheshimiwa, nina tumbo gani hilo? Kijiji kizima kinakunywa."

"Sasa mbona umekuja peke yako?"

Akashauriwa aliondoe ombi lake, alilete upya kama kesi ya maslahi ya umma. Lakini kwa kesi ya namna hiyo ilimpasa aape kwamba hana maslahi yake binafsi, yaani ukoo uiachie chemchemi iwe ya kijiji. Akaliondoa, na kabla hajashuka kwenye basi la kurudi nyumbani, maneno yalikuwa yameshafika: Trolina amenunuliwa. Kesho yake akaja mjomba wake, Bah Drolwell, ambaye bila kauli yake ardhi ya ukoo haiguswi. Hata kuketi hakuketi.

"Umeiondoa kesi? Hao wenye mawe wamekulisha nini?"

"Vumbi, Mjomba. Kama walivyokulisha wewe."

"Usinichekeshe. Ukiapa kwamba si yako, binti yako utamwachia nini?"

"Nikikataa kuapa, nitamwachia tope lenye jina la ukoo."

Mzee alikohoa, akavuta kigoda. "Haya. Ila mimi ndiye mkubwa. Nitaapa kwanza."

Wakaapa wote wawili. Kesi ikarudi mahakamani Februari 2015, safari hii kwa niaba ya kijiji, na Desemba 2017 machimbo yakaamriwa kufungwa. Maji yalichukua misimu miwili ya mvua kutakata.

Tangu mwaka 2022 alisumbuliwa na moyo. Alifariki nyumbani kwake tarehe 2 Februari 2024, mikononi mwa binti yake.

Ameacha mume, Bah Starwell. Watoto watatu, Aiborlang, Daphira na Ibanri. Na wajukuu saba. Ibanri, kitinda mimba, amerithi nyumba na mashamba. Chemchemi hakurithi. Majirani walipokwenda kuteka maji ya kumwoshea marehemu, hakuna aliyepita kwanza kubisha hodi kwa Ibanri kuomba ruhusa kama zamani.

Mama yetu, pumzika. Kama tuwaombeavyo marehemu wetu wote, utafune tambuu yako kwa amani mlangoni pa Mungu.