Fundi Mbalamwezi, Aliyewasha Taa za Jukwaani

Ndugu waombolezaji, kwa niaba ya familia nasimama kuwasomea maisha ya mpendwa wetu, ambaye wengi wenu mliitazama kazi yake miaka nenda rudi bila kumwona mwenyewe.

Marehemu alizaliwa tarehe 14 Machi 1957, mtoto wa kwanza wa mshona viatu na mkunga, akafuatiwa na mdogo wake wa kike, ambaye tunaye hapa mbele. Alisoma shule ya msingi mtaani kwao, akajifunza ufundi umeme chuoni, akahitimu mwaka 1977, na mwaka huohuo akaajiriwa katika jumba la maigizo kubadilisha balbu. Haukupita muda akawa mbunifu wa taa, wakamwita Fundi Mbalamwezi, kwa kuwa mwanga wa mwezi aliouunda kwa taa mbili na karatasi ya buluu uliwafanya watazamaji wajifunike mabega kwa baridi isiyokuwepo.

Mwaka 1983 alifunga ndoa na mshonaji wa mavazi ya maigizo, aliyekuwa akimgombeza kwamba taa zake zinafanya nguo nyekundu zionekane kama matope, wakajaliwa mabinti wawili.

Tarehe 9 Septemba 1988, katika onyesho la uzinduzi, mdogo wake, aliyekuwa mchezaji dansi wa kundi la jumba hilo, alikuwa akishuka ngazi za jukwaani, na marehemu, badala ya kumtazama yeye, alikuwa akiwatazama watu walivyoduwaa, kichwa kikimvimba, akazima taa kabla mdogo wake hajafika chini. Mdogo wake akaanguka gizani, goti likavunjika, hakucheza tena. Marehemu alikiri papo hapo mbele ya meneja, wala hakuna aliyemlaumu, lakini mwenyewe hakujisamehe, akaacha kazi, akawa anauza nyaya na soketi dukani, na kila aliposikia mkongojo wa mdogo wake mlangoni, alitorokea mlango wa nyuma.

Siku moja mwaka 1992 mdogo wake alizunguka huko nyuma, akamziba njia, akamwambia, "Mimi nilianguka mara moja tu, kaka, wewe unaanguka kila siku, na watoto wako wanakuona. Rudi kazini." Akarudi, akafanya kazi mpaka alipostaafu mwaka 2017, ila hakuzima tena taa hata moja bila kuhakikisha msanii ameshuka, na sifa alizipokea kama mtu aliyevishwa koti la mwenzake.

Mwaka 2021 mapafu yalianza kumsumbua, akalazwa, mdogo wake akamuuguza, naye kila akifumbua macho anaomba radhi, hadi mdogo wake akamjia juu, "Nilishakusamehe kitambo, wewe ndiye huupokei msamaha!" Alifariki tarehe 2 Juni mwaka huohuo, mchana, mkono wake ukiwa mkononi mwa mdogo wake, nasi hatujui kama aliupokea.

Familia inawashukuru madaktari na wauguzi waliompigania, majirani waliotufungulia nyumba zao, na wafanyakazi wenzake waliolibeba jeneza.

Fundi, mdogo wako ameniagiza niseme mbele ya watu wote, usikie na wao wasikie: hana neno na wewe, wala hajawahi kuwa nalo. Pumzika sasa, kwa amani.