Kaya Hamsini na Harufu ya Senene

Baada ya miaka thelathini na miwili ya utumishi, afisa takwimu wetu, Mama Annastella Rutaihwa, anastaafu rasmi tarehe 30 Juni. Ofisi nzima ya Bukoba inashangilia na kuchanganyikiwa kwa pamoja: wiki hii chai imechemshwa mara mbili bila majani.

Alianza kazi akiwa binti mwembamba kutoka Maruku, na wembamba huo, asemavyo mwenyewe, uliishia Muleba. Huko mdadisi, yaani mhoji wa takwimu, akibisha hodi haondoki bila kula. Kaya tano kwa siku ni sahani tano za ndizi na maharage, na kukataa ni kumvunjia heshima mwenye nyumba.

Kazi tunayomkumbukia zaidi ni ile ya mnyauko wa migomba. Wakaguzi fulani walipita na gari, wakatazama mashamba ya kando ya barabara, wakakuta karibu nusu yanaumwa. Likaja pendekezo kwamba kijiji kizima king'oe migomba yake. Mzee Rwekaza, ambaye kibanja chake kilipandwa na babu yake na sasa kinalisha wajukuu, alikuja ofisini kwetu, akakaa. Mama Rutaihwa akaomba sufuria.

Alitia humo majina ya kaya zote mia sita, akakoroga, akachomoa hamsini. Alijua kuwa kando ya barabara ndiko wachuuzi hukata mikungu kwa panga moja, shamba hadi shamba, na panga hilo ndilo linaloeneza ugonjwa. Mashamba hayo hayawezi kusemea yale ya milimani. Basi tukapanda milima.

Kahigi, mdadisi mwenzetu, alipangiwa kaya moja juu kabisa. Mvua inanyesha, na kwa jirani wa chini wanakaanga senene, wale panzi watamu wa msimu! Kahigi akamhesabu jirani. Shamba lilikuwa safi, na senene, kwa taarifa yake, walikuwa watamu sana. Mama Rutaihwa alimwona midomo inang'aa mafuta, akafuta fomu, akapanda mwenyewe na magoti yake mabovu. Huko juu alikuta migomba inaumwa. Akaiandika, ingawa sote tulitamani asingeiona.

Jumla zikawa kaya tatu zenye ugonjwa kati ya hamsini, yaani kama thelathini na sita kati ya mia sita. Kwa kuwa hakuficha hata ile ya tatu, wakubwa walimwamini. Iling'olewa migomba migonjwa tu. Mzee Rwekaza alituletea mkungu mkubwa hata ukakaa kiti cha mbele cha gari letu. Kahigi akakaa nyuma.

Juzi tulifanya utafiti kwa njia yake. Tuko arobaini, tulichomoa majina kumi katika sufuria ileile na kuuliza nani atalia siku ya kuagana. Tisa walikiri, Kahigi akiwa ameshaanza. Kwa hesabu yako, Mama, watalia thelathini na sita. Aliyekana ni mimi ninayeandika haya.

Asante kwa yote, Mama Rutaihwa. Nenda Maruku ukale ndizi bila fomu mkononi, upumzishe magoti, uishi miaka mingi yenye raha. Na jibu langu naomba lifutwe, liandikwe upya: nimeshindwa kujizuia kabla hata ya kumaliza ukurasa huu.