Valmor Tessmer, Aliyekuwa wa Kwetu Kwanza

Ndugu, majirani, na ninyi wenye fulana nyeusi mliosafiri usiku kucha mkisema huyu ni wenu: kabla hajawa wenu alikuwa wa kwetu. Mimi ni Nelci, dada yake, na nimeombwa kuyasoma maisha yake.

Valmor Dutra Tessmer alizaliwa tarehe 3 Julai 1958 hapa Pelotas, mtaa wa Fragata. Alikuwa mtoto wa pili na wa mwisho wa Mzee Arno Tessmer, fundi wa reli, na Mama Zulmira, aliyepika vitamutamu vya viini vya mayai kwa ajili ya harusi za watu. Tangu siku hiyo mama hakuwa na macho ya kumtazama mtoto mwingine.

Alisoma shule ya mtaani, kisha shule ya ufundi, upande wa umeme, akaiacha mwaka 1975 bila cheti. Alichokijua vizuri alijifunza nyumbani. Mwaka 1969 dada yake alitimiza miaka kumi na mitano, na badala ya sherehe ya gauni na kucheza na baba mbele ya wageni, aliomba gitaa. Akapewa. Haukupita mwezi gitaa likahamia kitandani kwa Valmor. Dada alipolalamika, mama alijibu bila kuinua macho kwenye sufuria.

"Mwachie mdogo wako. Wewe utaolewa, gitaa utalipeleka wapi?"

"Nitaenda nalo huko huko."

"Haya, olewa kwanza."

Sikuolewa, na gitaa sikurudishiwa. Lile pale, juu ya jeneza.

Mwaka 1979 alianzisha bendi ya Geada, akiimba na kutunga nyimbo zote. Walifanyia mazoezi kwenye banda la baba, na sauti ya pili ilikuwa ya dada. Mwaka 1983 kampuni ya kurekodi ya São Paulo iliwaita, ila iliwataka watatu, si wanne. Aliniambia kituoni, mguu mmoja ukiwa tayari ndani ya basi, "Nikishatulia nitakuita, dada." Alitulia miaka thelathini na sita. Alitoa albamu tisa. Ya kwanza wakaguzi wa serikali waliikata beti mbili, na vijana wakazitafuta hizo hizo mbili kuliko zote zilizobaki. Wimbo wake mkubwa, "Taa ya Nje", watangazaji husema aliutunga kwa ajili ya mkewe. Aliutunga Juni 1981, mke hajamjua bado, na aliyeimba naye bandani ni mimi. Siongezi neno.

Tarehe 12 Mei 1988 alimwoa Marilda Okabe, mpiga picha wa São Paulo, wakajaliwa binti mmoja, Tainá. Jumapili moja nilipopiga simu, Marilda ndiye aliyepokea.

"Amelala, wifi."

"Saa saba mchana?"

"Jana alikuwa jukwaani."

"Basi mwambie dada yake naye bado yuko macho."

Wivu ni kidonda, ukishiriki utakonda. Nami mnaniona nilivyo mwembamba.

Februari mwaka huu wa 2019 alikutwa na saratani ya ini. Madaktari waliposema hawana la kufanya zaidi, aliomba kurudishwa Pelotas, nyumba ya mama, ninayoishi mimi. Nilifurahi, nasema wazi. Mla nawe hafi nawe ila mzaliwa nawe, nikajisemea, mwishowe nimempata. Marilda akaja naye, na masanduku mawili.

Tukagombania kibuyu cha chai. Hapa kwetu hakuna wa kuambiwa jinsi chimarrão, chai yetu chungu, inavyonywewa kibuyuni kwa mrija: ukirudisha kibuyu kimya, unataka kingine, ukisema asante, umetosheka. Marilda aliyatia majani maji yanayotokota.

"Wifi, unaunguza majani."

"Amekunywa hivi miaka yote, wifi. Hajawahi kulalamika."

Nikangoja mdogo wangu aseme asante, nichukue zamu. Siku nzima nikingoja, siku nzima alirudisha kibuyu kimya, naye Marilda akimtengenezea kingine cha kuungua.

Alhamisi tarehe 8 Agosti Marilda alikwenda duka la dawa. Nikatengeneza cha kwangu, maji ya moto wa kiasi, majani yamepangwa upande mmoja kama mama alivyotufundisha. Valmor alikinywa mpaka mrija ukakoroma. Akanitazama kwa upendo kabisa.

"Kizuri, dada. Kama cha mama."

Nikanyoosha mkono nijaze tena.

"Asante," akasema.

Marilda aliporudi, kabla hajavua koti, aliunguza chake akampa. Valmor alikinywa, akakirudisha kimya. Akapewa kingine. Akakirudisha kimya. Nilisimama mlangoni nikiona, na sijawahi kumwonea mtu wivu kama nilivyomwonea mwanamke yule na maji yake yaliyochemka. Alifariki alfajiri ya Ijumaa, tarehe 9 Agosti, mkono wake ukiwa mkononi mwa Marilda. Kwake hakuwahi kusema asante.

Ameacha mjane, Marilda, ambaye nilitaka kumtaja mwisho na nimemtaja kwanza, kwa kuwa hapo ndipo mahali pake. Binti yake, Tainá. Na dada yake, ambaye wivu haujamwisha. Lala, mdogo wangu, kwa amani ambayo mimi na wifi yangu hatukukuachia.