Nzau Maluki, Aliyepiga Magoti Kwenye Filamu

Wasikilizaji wapendwa, mzee Nzau Maluki ametuacha. Amefariki Jumanne, nyumbani kwake Gitothua, Ruiru, akiwa na miaka themanini na tisa. Nzau Maluki, mmoja wa watu wa kwanza wa huku kwetu kuigiza kwenye filamu.

Alikuwa kijana wa kiwandani Thika watengenezaji filamu walipomchagua. Aliigiza mpagazi. Kuna mahali mpagazi huyo anapiga magoti na kubusu kiatu cha mzungu mwindaji.

Miaka ikapita. Gari la sinema likaja na filamu hiyo Thika, uwanjani. Binti yake, Wavinya, alikuwa na miaka kumi na mmoja. Alipoona yale magoti, na watu wakicheka, alikimbia nyumbani. Kesho yake shuleni wakamwita: "Wavinya, njoo ubusu kiatu!" Tangu siku hiyo akamwonea babake haya.

Mwaka jana chuo kimoja cha Thika kilionyesha filamu ile, kikamwalika mzee. Wavinya, sasa mama mzima, akampeleka. Mlangoni mwanafunzi mmoja, Shiko, akamuuliza, "Anti, wewe ni mtoto wake?"

"Hapana," akasema Wavinya. "Mimi ni jirani tu."

Mzee alikuwa nyuma yake. Alisikia.

Siku hiyo Wavinya aliitazama filamu hadi mwisho kwa mara ya kwanza. Akaona mpagazi akiinuka, akitua mzigo, akienda zake bila kugeuka. Ukumbi mzima ulipiga makofi.

"Waliniandikia nibaki pale chini," mzee akawaambia wanafunzi. "Nikakataa. Nikawaambia watafute mtu mwingine."

Wakirudi nyumbani, Wavinya alitaka kuomba msamaha. Mzee akasema polepole, "Mimi nilipiga magoti siku moja, mama. Tena nilikuwa naigiza. Wewe umenionea haya miaka yote."

Wavinya ametuambia mwenyewe: "Nilisema nitamwomba msamaha kesho. Kesho ikawa miezi minane. Naona aibu hata kumlilia."

Mzee Nzau Maluki atazikwa Ijumaa, shambani kwake Theta. Kwa familia yote, poleni sana. Mungu awatie nguvu. Wavinya ametuomba tulitamke neno moja hewani, nasi tunalitamka: Wavinya ni binti wa Nzau Maluki.

Nawe unayetusikiliza, kuna mtu wako unayemkana mbele za watu? Mtaje leo, angali anasikia.