Mdogo Wangu Niliyemtoa Kwenye Kanda

Ndugu zangu wa kanisani, nimekuja na karatasi. Nimeiandika upya mara sita, maana nikisema bila kusoma nitajitetea.

Mnanijua kwa kamera ya video. Hakuna aliyenifundisha, nilijifunza kwa kuharibu kanda za watu hapahapa mtaani kwetu Gikondo. Picha ikitikisika kidogo tu, silali. Na mnamjua mdogo wangu wa kike, yule pale safu ya pili. Daktari alituambia alizaliwa na hali iitwayo Down, ya kuchelewa kukua kiakili. Nyinyi mlimpa majina mengine. Msiinamishe vichwa, hata mimi niliyatumia.

Mwaka 1991 dada yetu mkubwa alitolewa mahari. Mdogo wangu alivaa umushanana, vazi letu la sherehe, kama wasichana wenzake, akajipanga nao kubeba agaseke, kile kikapu cha zawadi. Alikuwa amefanya mazoezi uani wiki mbili. Nawaambia, hakukosea hata hatua moja. Aliyekosea ni mimi. Alipofika mbele ya kamera niliwaza: watu watasemaje? Katika filamu zote nilizowahi kutazama, mtu kama yeye hayumo, au yumo ili achekwe. Nikageuza kamera kwenye maua mpaka alipopita.

Jumapili moja familia zote mbili zilikaa sebuleni kwetu kutazama kanda. Yeye alikaa chini, karibu kabisa na televisheni ya kuazima. Wasichana wakapita. Kisha maua. Maua tu. Akanigeukia.

"Kaka, mimi?"

Nikasema kanda iliharibika. Nilidanganya mbele ya mama yangu.

Shangazi wa bwana harusi akasema taratibu, "Haikuharibika. Maua yanaonekana vizuri sana. Mimi nataka kumwona binti aliyenipa kikapu."

Mama hakunitetea. Nikakiri kwamba nilimwonea haya. Mdogo wangu akainuka, akaenda jikoni. Miezi miwili sikugusa kamera.

Shangazi yuleyule akaniita kwenye ubatizo wa mjukuu wake, kwa sharti kwamba kanda ianze na mdogo wangu. Nilipomwomba mdogo wangu, alinijibu, "Utapiga maua." Nilimwomba msamaha mara nyingi ndipo akakubali kupigwa, naye akadai kuiona kanda palepale.

Wiki iliyopita baadhi yenu mlinijia kuhusu kanda ya kwaya anayoimba mdogo wangu. Mkaniambia, kwa upole wenu ule, nimweke nyuma ya nguzo. Sitataja majina, mnajijua. Jibu langu ni hapana. Atasimama mbele, na asiyetaka kuonekana naye abaki nyumbani.

Namshukuru shangazi yule, hakuninong'oneza, alisema mbele za watu. Namshukuru mama kwa kutonifichia aibu. Na hili mlichukue: ukimtoa mtu kwenye picha, yeye anajua.

Mdogo wangu hajasema kama amenisamehe. Kila nikimaliza kupiga, anataka kuiona kanda kabla ya mtu mwingine yeyote. Nampa.